Matibabu ni bure, mbona watu wanafika wakiwa wamezidiwa? Uchumi una jibu au unatuzungusha?

#1 DawatiLaMbele
Wakuu, habari za saa hizi. Nafanya kazi mapokezi kwenye kituo cha afya, naandikisha wagonjwa. Kituo sitakitaja. Hakuna anayelipa kumwona daktari, na vipimo vya kawaida havilipiwi. Bango limebandikwa mlangoni kwa herufi kubwa. Lakini kila wiki naandikisha mtu mwenye kidonda cha miezi, mtoto ambaye homa imeingia siku ya sita, mtu ambaye uvimbe aliuona mwaka jana.

Juzi alikuja mama mmoja, mguu umevimba hadi kiatu hakiingii. Nikamuuliza kwa upole kabisa, mama, mbona hukuja mapema na hapa hulipi chochote? Akanitazama, akasema: "Mwanangu, bure ni hapo dirishani kwako." Sikuwa na la kujibu.

Nasikia siku hizi wachumi wameingia kwenye afya, uhalifu, ndoa, hata furaha. Nauliza waliosoma: uchumi unaweza kueleza kwa nini mtu anakichelewea kitu ambacho ni cha bure na kinaokoa maisha yake? Au wao wanajua bei tu, na bei ikiwa sifuri hawana la kusema?

#2 Ukweli_Mchungu
Jibu ni fupi. Binadamu anathamini alicholipia. Cha bure hakina heshima. Wekeni ada, hata ndogo, muone watu watakavyokuja kwa wakati.

#3 MwanaHesabu
Asante kwa uzi, Dawati. Huyo mama amefundisha kwa sentensi moja somo ambalo mimi hulifundisha kwa wiki mbili.

Bei anayoijua mchumi haiishii kwenye fedha inayopita dirishani. Ni kila unachokiacha ili upate unachokitaka. Mama yule alihesabu siku ya kazi, nauli ya kwenda na kurudi, mtu wa kubaki na watoto, foleni asiyojua itaisha saa ngapi, na uwezekano wa kuambiwa arudi kesho. Mtu wa mshahara wa mwezi akienda hospitali asubuhi, mshahara wake hata haujui kwamba alitoka. Wa kibarua akienda, siku hiyo imefutika. Kwa hiyo huduma ileile, yenye bango lilelile la bure, bei yake ni kubwa zaidi kwa yule mwenye kipato kidogo. Hapo ndipo uchumi unapoanza kueleza, wala haujafika kwenye jambo lolote gumu.

Ukweli_Mchungu, hoja yako ilikuwa maarufu sana, hasa kuhusu vyandarua. Walisema wapewao bure hawatavitumia. Jessica Cohen na Pascaline Dupas wakaijaribu magharibi mwa Kenya kwenye kliniki za wajawazito, matokeo yakachapishwa 2010. Kliniki nyingine zilitoa bure, nyingine zilitoza kidogo, na bei zilipangwa kwa bahati nasibu. Kutoka bure hadi senti 60 za dola, waliochukua walipungua kwa pointi 60 za asilimia.

#4 Ukweli_Mchungu
Waliochukua walipungua, sawa. Lakini waliopewa bure si walivulia samaki? Picha tumeziona.

#5 Mzee_wa_Takwimu
Naomba kusahihisha kabla uzi haujakimbia. Kwenye utafiti huohuo watafiti walikwenda majumbani kuangalia kama chandarua kimetundikwa. Waliopewa bure hawakuwa wavivu wa kutumia kuliko walionunua. Picha za uvuvi zipo, sizikatai, ila picha moja haikuambii ni vyandarua vingapi viko juu ya vitanda.

Na wewe MwanaHesabu usiutanue utafiti kupita mipaka yake. Walikuwa wajawazito ambao tayari wamefika kliniki. Dawati anauliza kuhusu wasiofika.

#6 SindanoNaBandeji
Mimi ni muuguzi, miaka mingi. Mnaongea nauli na foleni, hakuna anayetaja aibu.

Mgonjwa akija na kidonda kimeoza, neno la kwanza analosikia kutoka kwetu ni "Ulikuwa wapi siku zote?" Tunalisema tukiwa tumechoka, tunalisema mbele za watu. Anapona, anarudi nyumbani, na safari nyingine anakumbuka ile sauti. Nimewahi kumwona kijana amekaa nje ya geti saa nzima, nikatoka kumuuliza, akasema anasubiri zamu ya yule dada mwingine abadilishane na wa sasa. Alikuwa na homa kali. Alikuwa anakwepa kugombezwa.

Na jambo la pili, samahani wenzangu wa kada: kuna siku mgonjwa anafunga safari anakuta mlango umefungwa. Ukimkosa mtu mara mbili, ya tatu huendi.

#7 Mzee_wa_Takwimu
La mlango kufungwa lina takwimu. Mwaka 2006 ulichapishwa utafiti wa nchi 6: Bangladesh, Ekwado, India, Indonesia, Peru na Uganda. Wakaguzi walikwenda bila taarifa. Kwa wastani asilimia 35 ya wahudumu wa afya hawakuwepo kazini. Walimu walikuwa asilimia 19.

#8 DawatiLaMbele
Dada Sindano, umenigusa. Swali langu kwa yule mama, pamoja na upole wangu wote, si ni lilelile la "ulikuwa wapi"?

#9 SindanoNaBandeji
Ndilo. Lakini angalau wewe ulisubiri jibu.

#10 Mtembea_Usiku
Nasoma huu uzi nikiwa upande wa pili wa dirisha, ngoja niwaeleze.

Nilikuwa nalipwa kwa siku, zamu ya usiku, kupakia mizigo. Jino likaanza kuuma. Siku ya kwanza nikapiga hesabu: nikienda, napoteza usingizi wa mchana, usiku nafanya kazi vibaya, msimamizi anampa mwingine nafasi yangu. Nisipoenda, naumia tu. Nikaamua kuumia. Siku ya pili hesabu ilitoka vilevile. Siku ya kumi vilevile. Kila siku hesabu yangu ilikuwa sahihi. Jumla ndiyo ilikuwa mbaya. Taya ilivimba, nikalazwa, nikakaa nje ya kazi wiki tatu, na nafasi nikaikosa hata hivyo.

Sikuhitaji kuelimishwa. Nilijua jino halijitibu. Watu wa kampeni za elimu wakija na vipeperushi huwa nawasikitikia, maana wanadhani tatizo ni kwamba hatujui.

#11 MwanaHesabu
Pole sana ndugu. "Kila siku hesabu sahihi, jumla mbaya" nitakwenda nayo darasani kwa ruhusa yako.

Wachumi wana namna mbili za kueleza jino lako, na hazipatani. Ya kwanza: maumivu na hasara ya leo huonekana makubwa kuliko ya kesho hata pale ya kesho yakiwa makubwa zaidi, na hivyo tulivyo binadamu wote, tajiri na maskini. Ya pili: uhaba wenyewe hubana akili. Mwaka 2013 Mani, Mullainathan, Shafir na Zhao waliwapima wakulima wa miwa wa Tamil Nadu, India, kabla ya mavuno wakiwa wamekaukiwa, na baada ya mavuno wakiwa na fedha. Wakulima walewale walifanya vizuri zaidi kwenye vipimo vya kufikiri baada ya kuvuna. Kwamba akili iliyojaa madeni inabaki na nafasi ndogo ya mambo mengine.

#12 Mtembea_Usiku
Ruhusa umepata. Ila hiyo ya pili siikubali. Akili yangu haikubanwa popote, ilifanya kazi kuliko wakati wowote. Nilichokosa ni njia ya kukosa usiku mmoja bila kupoteza kazi.

#13 Mzee_wa_Takwimu
Na unaye wa kukuunga mkono. Carvalho, Meier na Wang, 2016, waliwapima watu wa kipato cha chini Marekani kabla na baada ya siku ya malipo, hawakukuta tofauti kwenye uwezo wa kufikiri. Walichokuta ni kwamba kabla ya malipo watu huegemea fedha ya leo kuliko ya baadaye. Hiyo ni kama hesabu yako ya jino: mfuko mtupu, akili nzima.

Labda ya miwa inahusu kusubiri mwaka mzima na hii ya Marekani wiki mbili. Sijashawishika upande wowote.

#14 BabaWawili
Mimi mnanichanganya kwa sababu siingii kwenye maelezo yenu hata moja. Nina mshahara, nina bima, kituo kiko karibu, wauguzi wana heshima. Niliona damu chooni nikakaa miezi minne. Mke wangu sikumwambia.

Niliogopa kuambiwa. Nilipokuwa sijaambiwa nilikuwa baba wa watoto wawili. Ningeambiwa ningekuwa mgonjwa. Bahati ilikuwa kitu kidogo kikatibiwa. Nauli ingekuwa sifuri na foleni ingekuwa sifuri, bado nisingekwenda.

#15 SindanoNaBandeji
Ahsante kwa kulisema hadharani, baba. Wanaume wengi wanakaa nalo.

#16 MwanaHesabu
BabaWawili, hilo nalo limeandikwa. Ugonjwa wa Huntington ni wa ubongo, hauna tiba ya kuuponya, na hurithiwa: mzazi akiwa nao, mtoto ana uwezekano wa nusu kwa nusu. Kipimo cha kinasaba kipo. Emily Oster na wenzake waliwafuatilia watu walio kwenye hatari hiyo, matokeo yakatoka 2013. Waliochagua kupima walikuwa wachache sana. Na wasiopima, ambao hawakuwa na uhakika, waliishi kana kwamba hawana ugonjwa, kwenye maamuzi ya kuzaa, kustaafu na mengine. Hitimisho lao ni kwamba tumaini lenyewe lina thamani kwa mtu, na kipimo ni kulihatarisha. Kwa mtazamo huo, hata kujua kuna bei.

#17 Ukweli_Mchungu
Hapa ndipo ninaposhindwa kuwaamini. Foleni ni bei. Aibu ni bei. Hofu ni bei. Tumaini nalo sasa lina thamani. Ukiita kila kitu bei, umeeleza nini? Daktari anayempa kila mgonjwa jina moja la ugonjwa hatumwiti bingwa.

#18 MwanaHesabu
Hoja nzito hiyo, na nakubali sehemu yake. Utetezi wangu ni mmoja: jina lenyewe halitoshi, lazima liambatane na jambo linaloweza kupimwa na kushindwa. Ukisema kikwazo ni safari, sogeza huduma karibu uone. Ukisema ni uzito wa leo dhidi ya kesho, weka kitu kidogo cha leo uone.

Banerjee, Duflo, Glennerster na Kothari walifanya hivyo vijijini Udaipur, India, wakachapisha 2010. Chanjo zilikuwa bure lakini watoto waliokamilisha walikuwa asilimia 6 tu. Kwenye vijiji vingine wakapeleka kambi ya chanjo kila mwezi, ya uhakika, isiyokosa: asilimia 18. Kwenye vingine wakapeleka kambi ileile na kilo moja ya dengu kwa kila chanjo, na seti ya sahani za chuma mtoto akikamilisha: asilimia 39. Dengu haziwezi kumshawishi mzazi anayeamini chanjo ni sumu. Zinaweza kumsogeza aliyekuwa anasema "nitampeleka wiki ijayo." Kwa hiyo tumejifunza kwamba wengi walikuwa wa wiki ijayo.

#19 Mzee_wa_Takwimu
Ongeza kwamba gharama ya kila mtoto aliyekamilisha ilipungua palipokuwa na dengu, maana mhudumu analipwa kambi nzima, wawe watoto wawili au arobaini.

Ongeza pia kwamba 39 si 100. Zaidi ya nusu hawakukamilisha hata kwa dengu na huduma mlangoni. Hao ndio akina BabaWawili na kijana wa Dada Sindano nje ya geti, labda. Au wengine kabisa.

#20 Kisima_cha_Kale
Wakuu nimepita. Kama zawadi inafanya kazi, basi na faini ifanye kazi. Mtozeni anayechelewa. Mtu akifika na kidonda cha miezi mitatu, alipe.

#21 SindanoNaBandeji
Kisima, huyo atakuja na cha miezi sita.

#22 Kalamu_ya_Mkaa
Faini ina hadithi yake. Gneezy na Rustichini, 2000, vituo vya kulelea watoto mjini Haifa, Israeli. Wazazi walichelewa kuwachukua watoto, vituo vikaanza kutoza faini. Waliochelewa wakaongezeka, karibu mara mbili. Zamani mzazi alichelewa akiona haya mbele ya mlezi. Faini ilipoingia akaona amenunua muda. Walipoiondoa, hali haikurudi ilivyokuwa. Haya ikishauzwa hairudishwi dukani.

Ndiyo maana nina wasiwasi na wachumi kwenye afya. Wanapogusa heshima na wajibu kwa mkono wa fedha, kuna kitu kinakufa.

#23 Mzee_wa_Takwimu
Kalamu, hoja hiyo ni ndugu ya ile ya Richard Titmuss ya mwaka 1970 kuhusu damu: kwamba ukiwalipa wachangiaji unaua moyo wa kujitolea na unapata damu mbaya. Mellström na Johannesson waliijaribu Göteborg, Uswidi, 2008. Kwa wanawake ilionekana kweli: walio tayari walishuka kutoka asilimia 52 hadi 30 malipo yalipoingia, na walipopewa nafasi ya kuyatoa malipo hayo kwa hisani, wakarudi. Kwa wanaume hapakuwa na tofauti ya maana. Na tafiti za baadaye kwenye kambi halisi za kuchangia damu zilikuta zawadi ndogo huongeza wachangiaji. Kwa hiyo usizike moyo wa binadamu mapema.

#24 Kalamu_ya_Mkaa
Nimepokea. Lakini tofauti ya zawadi na malipo bado ipo, na ndiyo niliyoilenga.

#25 Ukweli_Mchungu
Mmesahau jambo kubwa kuliko yote. Marekani shirika la utafiti la RAND lilifanya jaribio la bima ya afya miaka ya sabini, likathibitisha matibabu ya bure hayaboreshi afya. Watu walitumia zaidi, hawakupona zaidi. Sasa tunabishana kuhusu nini?

#26 Mzee_wa_Takwimu
Nusu ya jaribio hiyo, mkuu. Leta na nusu ya pili.

RAND, 1974 hadi 1982, watu zaidi ya 7,700. Familia ziligawiwa kwa bahati nasibu: nyingine bure kabisa, nyingine zikilipia asilimia 25, 50 au 95 ya gharama hadi kikomo fulani. Waliolipia walitumia huduma kidogo, na kwa mtu wa wastani afya haikuwa tofauti sana. Hapo ndipo uliposimama. Endelea: waliokuwa maskini na wagonjwa tangu mwanzo walinufaika na huduma ya bure, hasa shinikizo la damu. Na waliolipia walipopunguza matumizi, walipunguza yenye faida na yasiyo na faida karibu kwa kiwango kimoja. Bei ilishindwa kuchuja. Mtu hawezi kujua maumivu ya kifua ni ya kupita au ni ya kufa, ndiyo maana anamtafuta daktari.

#27 MwanaHesabu
Na hilo mchumi Kenneth Arrow alishaliandika mwaka 1973. Soko la matibabu halifanani na mengine kwa sababu mnunuzi hajui anahitaji nini, muuzaji ndiye anayemwambia, na hata baada ya kutumia hajui kama dawa ndiyo iliyomponya au angepona tu. Anachonunua hasa ni imani kwa mtu.

#28 Mzee_wa_Takwimu
1963.

#29 MwanaHesabu
1963, asante. Nobeli yake ndiyo ya 1972, nimezichanganya.

#30 Mtembea_Usiku
Mzee huyu akisahihisha mitihani hakuna anayefaulu.

#31 Kalamu_ya_Mkaa
Kuna na jaribio la jimbo la Oregon, Marekani, sikumbuki vizuri matokeo, ila waligawa bima kwa bahati nasibu?

#32 Mzee_wa_Takwimu
Ndiyo, 2008. Serikali ya jimbo ilikuwa na nafasi chache za bima ya wasio na uwezo, wakaandikisha majina karibu 90,000, wakachagua kwa bahati nasibu. Baada ya miaka kama miwili: waliopata walitumia huduma zaidi, hata vyumba vya dharura, tofauti na wengi walivyotarajia. Shinikizo la damu, kolesteroli na sukari havikuonyesha mabadiliko ya uhakika. Sonona ilipungua kwa karibu theluthi. Na zile gharama za matibabu za kufilisi familia karibu zilitoweka.

Kila upande ulichukua mstari wake. Mimi huwa nauliza: bima kazi yake ni nini? Kama ni kushusha presha, matokeo ni hafifu. Kama ni mtu alale bila kuhofia kufilisika, ilifanya kazi yake.

#33 BabaWawili
Mzee, hapo kwenye sonona nimesimama. Nilikuwa sijawahi kufikiria bima kama dawa ya usingizi.

#34 Kisima_cha_Kale
Tukifika kwenye usingizi tumefika kwenye furaha. Wachumi wenyewe walishasema dola 75,000 kwa mwaka zikishapita, fedha haiongezi furaha. Sasa hangaiko la nini?

#35 Mzee_wa_Takwimu
Ilikuwa Kahneman na Deaton, 2010, na walitenganisha mambo mawili: namna mtu anavyojisikia siku hadi siku, na namna anavyoyapima maisha yake kwa ujumla. La pili halikufika ukomo. Baadaye Killingsworth, 2021, akakuta hata la kwanza linaendelea kupanda. Kahneman na Killingsworth wakakaa pamoja wakiwa na Barbara Mellers, na 2023 wakaandika makala moja: kwa wengi furaha inaendelea kupanda na kipato, ila kwa kama moja ya tano wenye huzuni kubwa, fedha ikishafika kiwango fulani haiwasaidii tena. Nauona mfano mzuri wa wapinzani kufanya kazi.

Na mchumi Richard Easterlin tangu 1974 aliacha swali lake: ndani ya nchi moja matajiri wana furaha zaidi, lakini nchi ikikua miaka mingi wastani wa furaha haupandi sambamba. Linabishaniwa mpaka leo.

#36 Kalamu_ya_Mkaa
Easterlin ananirudisha kwenye nafasi ya mtu kati ya watu. Uingereza tangu 1967 walifuatilia watumishi wa umma wanaume kama 18,000, utafiti wa Whitehall, jina lake kubwa ni Michael Marmot. Wote wana kazi, wote wana huduma ya afya ya taifa. Bado walio ngazi ya chini kabisa walikufa kwa kiwango cha karibu mara tatu ya walio juu, na sigara na presha vilieleza sehemu tu ya pengo. Ngazi kwa ngazi, hata wa pili kutoka juu alikuwa nyuma ya wa kwanza. Hapo nauli haipo, foleni ni ileile, ada hakuna. Kinachobaki ni kutawaliwa. Kukosa usemi juu ya siku yako mwenyewe. Mtembea_Usiku alisema kitu hichohicho kuhusu kukosa njia ya kupumzika usiku mmoja.

#37 MwanaHesabu
Inavutia, lakini mshale unaweza kuelekea upande mwingine. Anne Case na Christina Paxson, 2011, waliangalia watumishi wa kundi la pili la Whitehall. Walioanza maisha na afya dhaifu utotoni waliingia ngazi za chini na walipandishwa vyeo kidogo. Kwa hiyo huenda cheo hakikuwaumiza kiasi hicho, afya ndiyo iliyowapangia cheo tangu wakiwa watoto.

#38 Kalamu_ya_Mkaa
Na utoto wao uliharibiwa na nini, kama si nafasi ya wazazi wao?

#39 MwanaHesabu
Sawa. Hilo sina jibu lake la haraka.

#40 Mtembea_Usiku
Mimi nina swali la mtu wa kawaida. Uchumi ukianguka, vifo vinaongezeka? Maana nilipokosa kazi nilidhani nitakufa.

#41 Mzee_wa_Takwimu
Utashangaa. Christopher Ruhm, 2000, kwa takwimu za Marekani za 1972 hadi 1991: ukosefu wa ajira ukipanda kwa pointi 1 ya asilimia, vifo kwa jumla vilishuka kwa kama nusu ya asilimia. Ajali za barabarani chache, magari machache. Lakini kujiua kulipanda. Wastani ulishuka na wewe hukuwa kwenye wastani.

Na kwa muda mrefu hali ni nyingine. Case na Deaton, 2015, walionyesha Wamarekani weupe wa miaka 45 hadi 54 vifo vyao vilipanda tangu mwisho wa miaka ya tisini, wakati nchi nyingine tajiri vinashuka: dawa za kulevya, pombe, kujiua. Wao wanaona ni mmomonyoko wa kazi na maisha yaliyoizunguka. Wengine wanasema ni wingi wa dawa za maumivu zilizomwagwa sokoni.

#42 SindanoNaBandeji
Na mimi nasema ni yote mawili. Mwenye maumivu bila dawa haharibikiwi, na penye dawa bila mwenye maumivu hakuna wa kuinunua.

#43 DawatiLaMbele
Wakuu, nimewasoma wote, nashukuru. Uzi umekwenda Uswidi na kurudi, mimi nikaenda nao kazini.

Wiki hii nimefanya jambo dogo. Kila niliyemwandikisha akiwa amechelewa, badala ya "mbona" nilimuuliza "kufika hapa leo umeacha nini?" Nikaandika kwenye daftari. Wengi wametaja siku ya kazi, kama alivyosema MwanaHesabu. Kadhaa walitaja walivyosemeshwa safari iliyopita, Dada Sindano, na mmoja alishusha sauti ili wenzako wasisikie. Wawili walitaja mtu wa kubaki na mzee nyumbani, jambo ambalo hapa hakuna aliyeligusa. Mmoja, mwanaume mzima, alisema hakuacha kitu, alikuwa haamui tu. BabaWawili, nilikukumbuka.

Nimemwomba mkuu wa kituo tufungue dirisha la jioni mara moja kwa wiki, na tuandike saa kwenye kadi ili mtu ajue foleni yake. Amesema nilete daftari tuzungumze.

#44 Mtembea_Usiku
Hilo dirisha la jioni lingekuwepo enzi zangu, jino ningekuwa nalo.

#45 MwanaHesabu
Ukianza, andika ni wangapi wanakuja jioni ambao mchana hawakuwa wakija. Usihesabu waliohamisha saa tu.

#46 Mzee_wa_Takwimu
Kazi nzuri sana, Dawati, na swali lako ni bora kuliko mengi niliyoyaona kwenye madodoso. Nina moja tu. Wote uliowauliza walifika. Wale ambao hawajafika bado, sababu zao zinaweza kuwa tofauti kabisa na za daftari lako.

#47 DawatiLaMbele
Hilo lilinipita. Mama wa mguu atarudi Alhamisi kusafishwa kidonda. Alinidokeza jirani yake ana hali kama yake na hataki kusikia habari za hospitali. Nitamuuliza kama jirani atakubali nimtembelee, bila sare.

#48 SindanoNaBandeji
Alhamisi sina zamu. Nitumie ujumbe wa ndani, twende wote. Na mimi bila sare.